Radi Haiamriwi, Hupewa Njia

Wasikilizaji watukufu, mlioko Nyarugusu na vitongoji vyake, mlioko Lwamgasa, Katoro, Geita mjini na Bukombe, na hata nyinyi wa upande wa Kahama na Shinyanga, wazee kwa vijana, wachimbaji mliotoka kwenye maduara ya dhahabu muda huu na kina mayu mnaoinjika chungu cha jioni, jambo nililokuja nalo lagusa roho za watu, na hususan roho za watoto.

Mazungumzo yetu ya leo ni juu ya radi. Na pamoja na radi yenyewe, ni juu ya tamaa ya kale ya mwanadamu ya kuikamata nguvu hiyo na kuielekeza atakako. Nitauliza maswali matatu, nanyi nawaomba mwende nami swali kwa swali. La kwanza: je, radi yaweza kutumwa? La pili: je, radi yaweza kugeuziwa njia? Na la tatu, ambalo ndilo lililonileta: ikiwa yaweza kugeuziwa njia, kwa nini watoto wetu wangali wakifa wakiwa madarasani?

Tuanze na hadithi. Watu wengi wa kanda yetu wamesikia tangu utotoni kwamba radi ina mwenyewe. Kwamba yuko mjuzi, aghalabu wa mbali, Sumbawanga au kwingineko, ambaye kwa malipo aweza kuitoa radi katika anga lisilo na wingu, akaipeleka juu ya paa la hasimu wa mteja wake, ikampiga yule aliyekusudiwa na kumwacha salama aliyeketi ubavuni pake. Wako waliosimuliwa kwamba radi ni jogoo ashukaye kwa kishindo. Wako waliokatazwa kuvaa nguo nyekundu mvua inapotanda, na wako ambao mama zao, wingu likiingia, hukimbilia kwanza kukifunika kioo cha ukutani.

Nao vijana wetu, wanaokwenda vibanda umiza jioni kazi ikiisha, wanazo hadithi zao mpya. Mojawapo ni ile katuni iitwayo Avatar: The Last Airbender, iliyoanza kuonyeshwa Marekani mwaka 2005, yenye ulimwengu wa kubuniwa ambamo wako watu wanaoamuru maji, na wengine udongo, na wengine moto, na wengine upepo. Katika ulimwengu huo yuko mzee aitwaye Iroh, ambaye amfundisha mpwa wake, Zuko, ufundi wa kuipokea radi kwa ncha za vidole vya mkono mmoja, kuiteremsha hata tumboni, kisha kuipandisha itokee kwa mkono wa pili, akimwonya kwamba asiiache ipite moyoni hata kidogo, kwa kuwa ikipita huko ni mauti. Na ufundi huo, mzee yule aliupata kwa kuwachunguza watu wa maji, ambao hawashindani na nguvu inayowajia, huiacha ipite wakaigeuza mwelekeo.

Sasa, ndugu msikilizaji, zilinganishe hadithi hizi mbili. Ya kwanza yasema kwamba radi humtii mtu na kufuata jina la aliyetajwa. Ya pili yasema kwamba radi haimjui mtu wala haina chuki, hupita palipo na njia, na mwenye busara ni yule aliyeitengenezea njia iliyo mbali na moyo. Zote mbili ni za kubuniwa, na narudia kwa msisitizo ili kijana asije akajaribu: hakuna mwili wa mwanadamu uwezao kuipitisha radi kwa hiari ukabaki salama. Hata hivyo, ile ya pili, ingawa ilitungwa kwa ajili ya kuwafurahisha watoto, imeikaribia kweli kuliko ile ambayo watu wazima huisadiki. Nalo ndilo neno langu la leo, nitakalolirejea mpaka likae: radi haiamriwi, hupewa njia.

Basi radi ni nini? Wingu la mvua kubwa, lile refu jeusi linalosimama kama mlima, lina ndani yake upepo mkali upandao na ushukao, na katika upepo huo chembe za barafu hugongana na kusuguana mamilioni kwa mamilioni. Msuguano huo hutenganisha chaji za umeme, aina moja ikakusanyika juu ya wingu na aina ya pili chini yake. Tofauti hiyo ikizidi mno hata hewa isiweze tena kuizuia, umeme hupasua hewa ukitafuta ardhi, nao ule wa ardhini hupanda kuupokea, hasa kupitia vitu virefu vilivyochomoza: mti, mnara, paa, au mtu aliyesimama peke yake uwandani. Mkondo wake hufika aghalabu ampea 30,000, ilhali taa ya nyumbani haitumii hata ampea moja. Na joto la njia yake hufika nyuzi 30,000 za Selsiasi hivi, ambalo ni mara tano ya joto la uso wa jua. Hewa iliyochemshwa ghafla kiasi hicho hulipuka, na mlipuko huo ndio ngurumo tunayoisikia.

Mtauliza, kwa nini sisi? Kwa nini Kanda ya Ziwa? Jawabu lake ni jiografia, na jiografia haina kisasi na mtu. Mchana nchi kavu hupata moto kuliko maji ya Ziwa Viktoria, upepo hutoka ziwani kuja kwetu umebeba unyevu, hupanda juu ya nchi yenye joto, na alasiri mawingu hujijenga juu ya vichwa vyetu. Usiku mambo hugeuka: nchi hupoa, pepo za pande zote hukutana juu ya ziwa, na ngurumo huhamia kwa wavuvi. Vipimo vya setilaiti vimeonyesha kwamba nchi hizi za Maziwa Makuu, kuanzia milima ya Kivu hata ziwa letu, ni miongoni mwa mahali penye radi nyingi mno duniani. Kwa hiyo anayeishi Nyarugusu hahitaji kuwa na adui ili apigwe na radi. Yatosha kwamba anaishi Nyarugusu.

Tuingie sasa katika huzuni, kwa kuwa hatuwezi kuikwepa. Mwezi Oktoba mwaka 2018, hapa hapa mjini Geita, radi iliua wanafunzi sita wa shule ya msingi. Tarehe 27 Januari 2025, katika Shule ya Sekondari Businda, wilayani Bukombe, radi iliua wanafunzi saba na kuwajeruhi wengine wengi. Majirani zetu nao wameonja uchungu huo: Juni 2011, katika shule ya Runyanya, wilaya ya Kiryandongo nchini Uganda, walikufa wanafunzi 18 na mwalimu wao, na Novemba 2024, katika kambi ya wakimbizi ya Palabek, kaskazini mwa Uganda, walikufa watu 14 waliokuwa wamekusanyika kwa ibada.

Tafakarini juu ya jambo moja. Je, watoto saba, au watoto 18, wote walikuwa na adui mmoja? Na yule mtumaji, ikiwa yuko, alikuwa na kisa gani na waliokuwa wakisali? La, wasikilizaji wangu. Wengi hupigwa pamoja kwa sababu radi haimalizikii pale ilipogusa. Ikipiga mti, huweza kuruka ubavuni ikamwingia aliyejikinga chini ya mti huo. Ikipiga paa la mabati lililokalia kuta za tofali za udongo, bila ya waya wa kuiteremsha, hutafuta yenyewe njia ya kufika ardhini, nayo huiona katika miili ya walio ndani. Na ikishafika ardhini hutawanyika pande zote, ikapanda mguu mmoja wa mtu na kushukia mguu wa pili. Wafugaji mnalijua hili, ijapokuwa huenda hamkulipata kwa sura hii: ng'ombe wengi hulala wafu chini ya mti mmoja, na mchungaji wao akanusurika, kwa kuwa miguu ya ng'ombe imeachana kwa hatua ndefu, mmoja mbele na mwingine nyuma, na umeme wa ardhini hupita baina yake kwa kuukata moyo.

Kwa hiyo yule aliyeachwa salama ubavuni pa aliyekufa hakuachwa kwa kuwa jina lake halikutajwa. Aliachwa kwa kuwa njia haikupita kwake. Mwezi Oktoba mwaka 1998, huko Kasai, katika Kongo, iliripotiwa kwamba radi ilipiga uwanja wa mpira ikaua wachezaji wote 11 wa timu moja, na wa timu ya pili wakabaki wazima. Na mara shutuma za uchawi zikaenea kama moto wa kiangazi. Msiba uliokuwa mmoja ukawa tayari kuzaa wa pili.

Na huo msiba wa pili, ndugu zangu, sisi wa Geita na Shinyanga hatuna haja ya kuufuata Kasai. Ni wangapi miongoni mwa bibi zetu, vikongwe wenye macho mekundu, wekundu walioupata kwa kuinamia moshi wa kuni na wa samadi miaka yote waliyotupikia, walionyoshewa kidole baada ya kifo kisichoelezeka, na baada ya kidole likafuata panga? Nchi yetu imeyazika makaburi hayo, na aibu yake haijatutoka. Ndiyo maana nasema kwamba kuijua radi ni zaidi ya kujua fizikia. Ni kumwondolea mwanamke mzee hatia ya jambo lililofanywa na barafu na upepo maili kadha juu ya kichwa chake. Atakayekuja kwako baada ya msiba akadai kwamba amemwona mtumaji, mjibu kwa upole na kwa uthabiti: radi haiamriwi, hupewa njia.

Wala msidhani kwamba ujinga huu ulikuwa wetu peke yetu. Huko Ulaya, kwa karne nyingi, tufani ilipokaribia watu walipanda katika minara ya makanisa kugonga kengele, wakiamini kwamba sauti yake huifukuza radi. Na minara ikiwa ndiyo mirefu kuliko vyote mjini, na kamba za kengele zikiwa zimelowa, wagongaji wengi walifia humo humo walimopanda kuwaokoa wenzao. Ndipo Benjamin Franklin, wa Philadelphia, Marekani, aliposhauri kwamba chuma chenye ncha kisimamishwe juu kabisa na kuunganishwa na ardhi; na mwezi Mei 1752, katika kijiji cha Marly, Ufaransa, jaribio lililofuata mashauri yake lilithibitisha kwamba cheche ya wingu ni umeme ule ule wa maabara. Mwaka uliofuata, 1753, mtaalamu aitwaye Georg Richmann, katika mji wa Saint Petersburg, Urusi, aliuleta umeme wa wingu ndani ya nyumba yake kwa chuma ambacho hakukiunganisha na ardhi, kwa kuwa alitaka kuupima. Radi ikashuka, ikafika mwisho wa chuma, ikakosa pa kwenda, ikamrukia kichwani akafa papo hapo. Laiti chuma kile kingalifika ardhini! Hilo liwekeni akilini, tutalihitaji.

Tumefikia swali la pili: je, radi yaweza kugeuziwa njia? Naam, yaweza, na chombo chake ndicho tukiitacho mtego wa radi, au kinga ya radi. Kina sehemu tatu, nami nitazitaja polepole. Ya kwanza ni ncha, fimbo ya shaba au chuma isimamayo juu kuliko paa, ambayo huipokea radi. Ya pili ni waya mnene, uteremkao nje ya ukuta kwa mstari ulionyooka bila ya kona kali, ambao huishusha. Ya tatu ni ethi, yaani fimbo zilizozikwa ardhini, ambazo huitawanya radi katika udongo. Ncha hupokea, waya hushusha, ethi hutawanya. Ikikosekana moja katika hizo tatu, mtego si mtego.

Mchimbaji wa Nyarugusu ataelewa upesi kuliko mtu wa mjini. Masika yakikaribia, wewe mwenye duara huchimba mtaro kulizunguka mdomo wake, ili maji ya mvua yateremke bondeni yasiwafuate vijana walio chini. Hukuizuia mvua isinye, wala hukumwendea mganga kuiomba ihamie kwa jirani. Uliyapa maji njia iliyo rahisi zaidi kuliko mdomo wa duara lako. Na mtaro huo ukiachwa katikati, usifikishwe bondeni, maji yote uliyoyakusanya yatarudi kwako. Mtego wa radi ndio mtaro huo.

Sasa swali la tatu, zito kuliko yote. Ikiwa maarifa haya yana umri wa zaidi ya miaka 270, na vifaa vyake ni shaba, chuma na udongo, vitu ambavyo nchi ya machimbo inavifahamu, kwa nini watoto wangali wakifa? Nitasema bila ya kuficha. Yako majengo yasiyowekewa mtego kabisa, kwa kuwa katika hesabu ya ujenzi mtego ndio uliokatwa kwanza. Na yako yaliyowekewa ncha ikang'ara juu ya paa, ilhali waya wake umekatwa na mwizi akaupeleka kwa mnunuzi wa chuma chakavu, au ethi yake imezikwa juujuu katika changarawe kavu isiyopitisha umeme. Jengo la namna hiyo liko katika hali ya nyumba ya Richmann: limeipokea radi na kuinyima pa kwenda. Ardhi ya mawe na kokoto, kama ilivyo sehemu nyingi za kwetu, huhitaji fimbo za ethi ziende chini zaidi, na mafundi umeme hushindilia mkaa na chumvi kuzizunguka ili udongo ushike unyevu. Kisha hupima kwa kipimo chake, na kupima tena miaka ikipita. Anayeiba waya huo kwa bei ya sahani ya wali na ajue kwamba ameufungua moyo wa darasa zima.

Wapo walioonyesha kwamba yawezekana. Nchini Uganda, baada ya misiba kama ule wa Runyanya, shirika liitwalo ACLENet, lenye makao yake Kampala, limekuwa likiweka kinga katika shule na kuwafundisha walimu na wanafunzi namna ya kujihifadhi. Yaliyowezekana kwao hayashindikani kwetu, sisi tunaoishi juu ya dhahabu.

Kabla ya kuagana, nawaachia wasia wa matumizi ya kila siku, maana mtego hauko kila mahali. Uonapo umeme wa radi, hesabu sekunde mpaka usikie ngurumo, kisha gawa kwa tatu. Utapata kilometa zilizo baina yako nayo. Zikiwa sekunde zako hazifiki 30, ingia ndani, na usitoke mpaka zipite dakika 30 tangu ngurumo ya mwisho. Jengo imara lenye nyaya na mabomba yaliyofungwa ethi ni kimbilio jema. Gari lenye bodi ya chuma, vioo vimefungwa, ni kimbilio jema pia. Mti si kimbilio. Turubai la karasha, mashine ya kusaga mawe, si kimbilio. Bodaboda na bajaji si kimbilio. Kibanda cha nyasi chaweza kukukinga na mvua, na radi hakiizuii. Simu iliyo mfukoni haiiti radi, lakini iliyochomekwa kwenye chaji ukutani usiishike. Nguo nyekundu haina kosa, wala kioo hakina kosa.

Wachimbaji, sikilizeni zaidi. Winchi, kamba zilizolowa, mabomba ya kompresa na nyaya zinazoteremka katika duara huweza kuuchukua umeme wa juu mpaka kwa aliye chini. Ngurumo ikikaribia, asiyeshuka asishuke, na aliye kwenye winchi aiache. Baruti na fataki za umeme zisiguswe kabisa, kwani radi huweza kuziwasha hata kabla hamjaunganisha. Mwenye duara atakayesimamisha kazi kwa saa moja hajapoteza kitu kisichoweza kurudi.

Na mtu akipigwa? Mshikeni mara moja. Mwili wake hauna umeme uliobaki, na hofu ya kwamba umebaki imeua wengi waliokuwa wakingoja kuguswa. Ikiwa wamepigwa watu kadha, waendeeni kwanza wale waliolala kimya wasiopumua, kwa kuwa wanaolia wana pumzi, ilhali moyo uliosimamishwa na radi huweza kurejea ukisaidiwa upesi. Mkandamizeni kifuani katikati, kwa nguvu na kwa haraka, mpulizieni pumzi ikiwa mwajua, msiache mpaka mfike zahanati. Msimfukie matope, wala msimngoje mganga.

Naam, wasikilizaji wangu, tumeuliza matatu na tumejibu matatu. Radi haitumwi na mtu. Radi hugeuziwa njia kwa ncha, waya na ethi. Na watoto wetu wanakufa kwa sababu njia hiyo hatujawachimbia, na hili la tatu ndilo pekee lililo mikononi mwetu. Basi katika mkutano wa kijiji ujao, inapofika zamu ya maswali, asimame mzazi mmoja, baba au mayu, amwelekee mwenyekiti na mtendaji na kamati ya shule, aulize kwa adabu: mtego wa radi wa shule yetu uko wapi, waya wake ni mzima, na ethi yake ilipimwa lini? Jawabu likikosekana, msifunge mkutano kabla ya kuandika jina la fundi, kiasi cha mchango na tarehe ya kazi. Na mwenye karasha, mwenye duara na mwenye duka la dhahabu wawe wa kwanza kutoa, kwa kuwa watoto wanaosoma katika shule hizo ni wa wale wanaowachimbia mali yao.